Mhariri Anayeipa Filamu Mgongo

Saa nne asubuhi, Jumamosi, majirani kumi na mmoja wamejaa chumbani mwa Lorraine Muhonja, Kware, Nairobi. Wao wanatazama televisheni. Yeye ameipa mgongo, daftari mapajani, anawatazama wao.

"Mama Owen ameshika simu. Dakika ya kumi na nne," anaandika.

Hapo atakata.

Muhonja, 36, ni mhariri wa filamu wa kujitegemea. Leo ana filamu ya Nafula, mjane anayevuta mkokoteni katika soko la Gikomba. Jumatatu inatumwa kwenye tamasha, na bado imezidi kwa dakika mbili. Mwongozaji wake, Kiarie, aliyesimama mlangoni, anataka atoe kipande cha Nafula akifunga viatu, abakishe picha za soko kutoka angani.

"Dakika mbili za kamba za viatu? Hapo hakuna kitu, Lorraine."

"Ngoja tuone majirani."

Ujanja huu aliupata kwa kuhariri video za mazishi, shilingi elfu sita kila moja. Ya kwanza, ya Bungoma, aliibana kutoka saa tano hadi nusu saa, akajipigia makofi. Familia ikairudisha.

"Shangazi mmoja aliniuliza, 'We msichana, nimelia mpaka sauti ikaisha, umenipeleka wapi?'" anasimulia huku akicheka. "Tangu hapo sikati mtu kabla sijaona uso wa anayemtazama."

Picha za angani zinapita. Mzee Caleb anauliza kama mwenye nyumba ameoa tena, ama ni uongo. Chumba kizima kinajibu kwa pamoja.

Kisha Nafula anaketi juu ya mkokoteni. Kamba ya kiatu inakatika. Anaifunga fundo, anavuta, inakatika tena.

Chai inafurika jikoni, hakuna anayeinuka.

"Hivyo ni vya bwanake," Mama Owen anasema polepole. "Si mnaona vinavyompwaya?"

Kiarie, aliyemrekodi Nafula miezi saba, anainamisha kichwa. "Aliniambia siku ya kwanza. Nikasahau." Anapumua. "Toa hizo za angani."

Muhonja anafunga daftari. Viti vya plastiki walivyokalia ni vyake, amenunua kimoja kimoja, sasa ni kumi na tisa. Vikifika hamsini, atakodi chumba kitupu cha ghorofa ya chini, filamu za mitaa ya Eastlands zionwe hapo kwanza, kabla ya watu wa tamasha.

"Cha hamsini na moja ni changu," anasema. "Nakiweka pale chini ya skrini, nikiwaangalia nyinyi."