Nilipigwa Picha Nikiwa Edani

Eda ni miezi minne na siku kumi, na mimi sikuumbiwa kukaa ndani. Mume wetu alipofariki, sisi wake zake wawili tuliwekwa eda katika ua mmoja hapo Nachingwea. Shemeji, mdogo wa marehemu, alikuja na baiskeli kutoka Nkowe akatuambia waziwazi: atakayevunja eda atatoka kwenye nyumba hii, na mikorosho ya marehemu aisahau. Mwanangu wa mwisho alikuwa bado ananyonya.

Mwezi wa pili wa eda akaja mkubwa mmoja kutoka Uingereza kutazama shamba la karanga la Wazungu. Mji mzima ulitoka. Bi mkubwa, mke mwenzangu, aliyekuwa akinichunga kama mbuzi aliye karibu na shamba la watu, asubuhi ile alisema ana homa, akafunga mlango wake. Nikasema moyoni, Mungu si Athumani. Nikapita kwenye muhogo nyuma ya nyumba, nikajichomeka katikati ya wanawake kando ya barabara.

Mara Mzungu mmoja akatugeuzia mashine yake ya miguu mitatu. Nilikuwa napiga kigelegele, mdomo wazi, kanga mabegani. Jirani aliponinong'oneza kuwa ile ni kamera ya sinema, nilikuwa nimeshachelewa.

Eda iliisha, hofu haikuisha. Miezi baadaye gari la sinema likaja, tukatangaziwa kwamba tutajiona wenyewe siku ya ile ziara. Shemeji alikuja kwa ajili hiyo, akatupeleka uwanjani baada ya magharibi, akaketi mbele yetu. Kitambaa cheupe kilipowaka, nilianza kufungasha vyombo akilini: sufuria, kinu, mikeka.

Wakatokea wanawake wa upande wa pili wa barabara. Aliyekuwa mbele yao, akirukaruka kama mwali aliyetolewa nje, alikuwa bi mkubwa! Kisha likaja gari la mgeni, yakaja matrekta, sinema ikaisha. Upande wetu haukuonyeshwa kabisa. Shemeji naye, kama kawaida yake, alikuwa amegeuka kugombeza watoto wa watu, bi mkubwa hakumwona.

Bi mkubwa alinishika mkono. "Mdogo wangu, nisitiri."

"Dada, hata mimi nilikuwepo."

Alinitazama. Tukajifunika kanga usoni, tukacheka mpaka mabega yakatikisika, kwa raha ya watu waliookoka. Shemeji akageuka, akatuona hivyo.

"Poleni, shemeji zangu," akasema kwa upole ambao sikuwahi kuusikia kwake. "Kaka angeipenda sana sinema hii."

Hapo ndipo tulipolia kweli.