Nafasi ya Uhandisi Niliyoidai kwa Uwongo

Asubuhi ile ya Matrah, mwanangu, nnaikumbuka mpaka leo. Jua halijapanda na kanzu yangu imesharowa jasho. Nilikuwa na miaka ishirini, nakwenda kwa kadhi.

Ngoja nikueleze nilivyofika huko. Tulitoka Unguja mwaka wa sitini na nne, baada ya mapinduzi, tukaja Matrah, bandari ya Omani, mie na Ami Nassor, ndugu wa baba, ndiye aliyenilea. Miaka sita nikawa naandikia wafanyabiashara barua zao. Sikuwa natulia. Kila karatasi iliyobaki naichora madaraja, naichana, nachora tena.

Mwaka wa sabini, alipoingia sultani mpya, mambo yakaanza kubadilika, na chuo cha uhandisi cha nchi ya jirani kikatoa nafasi tatu kwa vijana wa Omani. Mbili zilikuwa za watakaoongoza mtihani. Ya tatu ilitengwa kwa aliyezaliwa hapa hapa, kwa kuwa wenzetu waliokulia hapa hawakuwa na skuli kama tulizosoma sisi Unguja. Mtihani ukatoka, nikawa wa tatu. Nafasi iliyotengwa akapewa Khalfan, kijana wa kijiji cha Amerat, niliyempita mbali kwa alama.

Nilichemka, mwanangu. Babu yangu si Mwomani? Mie mgeni wa nani? Swali hilo lilikuwa la haki, na lau ningelipeleka vile vile kwa kadhi, pengine nisingekuwa na la kukusimulia. Lakini nilikuwa na haraka. Nikashitaki nikidai kwamba nami nimezaliwa Matrah, nikapelekwa Unguja ningali mchanga. Vyeti vya kuzaliwa hatukuwa navyo. Mashahidi wawili walitosha. Rafiki yangu Seif akakubali kunishuhudia, aseme kasikia hivyo kwa wazee wake. Wa pili nikamwandika Ami, wala sikumuuliza, nikiamini hataniaibisha mbele za watu.

Khalfan alikuja na mama yake. Kadhi alipomtaka aseme, alisema maneno machache tu: "Mie sijui kushitakiana. Niliambiwa nimepata, nikafurahi."

Seif akala kiapo kwamba nimezaliwa Matrah. Kadhi akamgeukia Ami.

"Nassor, huyu kazaliwa wapi?"

Ami alinitazama. Nikainamisha kichwa.

"Kazaliwa Unguja, shekhe. Mie ndiye niliyemuadhinia sikioni."

Kadhi hakunikaripia, na hilo ndilo lililoniuma zaidi. "Ungeniambia umezaliwa Unguja na asili yako hapa," alisema, "ukauliza kwa nini uachwe nje, ningekuwa na jambo la kuamua. Sasa nna uwongo tu mbele yangu." Akaifunga kesi, na jina langu likafutwa katika orodha ya waombaji.

Njiani nikampigia Ami kelele. "Umenivunja, Ami!"

Akasimama katikati ya kichochoro, watu wanatupita. "Umejivunja mwenyewe. Umemkana mama yako, aliyekuzaa Unguja na akazikwa huko. Na Seif umemfanya nini? Nani atamwamini tena?"

 Na kweli, Seif hakuitwa tena kushuhudia jambo lolote, hata ndoa ya dada yake. Alinisamehe kwa mdomo, lakini nyumbani kwangu hakukanyaga tena.

Miezi michache baadaye nafasi zikatangazwa tena. Kijana mwengine wa Unguja akenda kwa kadhi yule yule, akasema wazi alikozaliwa, akauliza swali lile nililoliacha mie. Kadhi na wenzake wakajadiliana wiki mbili, akakubaliwa. Siku aliyosafiri, mie nilikuwa Darsait, jirani na Matrah, juani, nawashikia wapima barabara fito. Uhandisi nikausoma ukubwani, nna watoto watatu.

Basi mwanangu, nasikia nawe umenyimwa nafasi ya chuo na unataka kushitaki. Shitaki. Sikuzuii, na usimwonee haya mtu yeyote. Lakini nenda na khabari zako kama zilivyo, hata zile unazodhani zitakuangusha. Usimtie rafiki katika kiapo. Na yule aliyepata, usimchukie. Naye ana mama aliyekuwa akimwombea.

Mungu akupe subira ya kungoja hukumu, akupe na ulimi usioukana uzazi wako, na mlango utakaokufungukia uingie bila ya kumwogopa mtu. Amin.