Kitabu Cheusi cha Kaka Yangu

Mwezi wa tatu mwaka huu nilimpoteza kaka yangu Wesley, aliyefundisha fasihi ya Wajerumani chuo kikuu. Hapa Boito watu walinong'ona kwamba masomo yalimtoa kanisani, na hilo liliniuma sana. Mimi niliishia darasa la sita, Kijerumani sijui hata salamu. Lakini kwenye maboksi yake nilipata kitabu kinene cheusi cha Kijerumani chenye utepe mwekundu, kila ukurasa umepigwa mistari kwa kalamu, kama walokole wanavyofanya. Nikashukuru: Biblia yake!

Siku ya ibada ya kumkumbuka nikakiweka kando ya picha yake. Mchungaji akakiinua juu. "Mnaona? Huyu alisoma Neno mpaka likachakaa!"

Akina mama wakapiga vigelegele. Nikawageukia wale wasengenyaji nikiwa nimeinua kidevu.

Mchungaji akamwita rafiki wa Wesley wa chuoni. "Mwalimu, tusomee mstari mmoja, kisha ututafsirie."

Mwalimu akakifungua, akakohoa. "Mchungaji, hii ni historia ya vilabu vya pombe huko Ujerumani."

"Na hiyo mistari yote?" nikauliza.

"Alikuwa anatayarisha somo, mama."

Mchungaji akakipokea, akakirudisha mezani polepole, akajipangusa mikono kwenye koti.