Nilivyomsifia Mjerumani kwa Kazi za Kaka Yake

Jamani, mpaka leo nikipita karibu na ule ukumbi nnageuza uso, kama kwamba kuta zitanitambua.

Mie nnasomesha muziki skuli hapa Maskati, na nyumbani nnatunga wangu nikitamani siku moja utiwe kwenye filamu (kwetu washasema nimepagawa). Basi akaja Mjerumani mmoja, mtungaji wa muziki wa filamu na mtayarishaji, mtu mzima, mpole, anatafuta msaidizi wa hapa kwa filamu anayotaka kuipiga Sidab, kijiji cha wavuvi hapa pwani, kazi ambayo nami nnaitaka, na mie nikaombwa nimtambulishe kwa watu jioni ukumbini. Mchana tukanywa kahawa pamoja, na ningeweza kumuuliza tu, "Bwana, umetunga filamu zipi?" lakini nikaona ataniona mjinga, nikenda kutafuta kwenye simu jina la ukoo wake, yakatoka mafilamu chungu nzima, nikayahifadhi yote.

Jioni ukumbi umejaa, mama na wadogo zake wametoka kwetu Al Amerat, nyuma ya milima, kuja kuniona (na mabuibui mapya!), nikapanda jukwaani nikamsifu filamu baada ya filamu, tuzo baada ya tuzo, watu wanapiga makofi, naye uso unazidi kumwiva, mie nikadhani ni haya, nikazidisha, nikamwashiria fundi wa sauti auweke ule muziki wake mashuhuri.

Akasimama. "Zima, tafadhali."

Kisha akanigeukia, kipaza sauti kiko wazi, "Huu ni muziki wa kaka yangu. Maisha yangu yote watu wananisifu kwa kazi zake. Nilidhani huku nimefika mbali na jina lake."

Wallahi sikuwa na pa kuuweka uso. Nikataka kumwomba radhi, ulimi ukateleza, nikamwita kwa jina la kaka yake. Ukumbi mzima ukasikia.

Alizungumza kidogo tu, akaondoka. Garini mama akaniuliza, "Mwanangu, kwani hukumuuliza?" Nikalia mpaka tukaivuka milima.

Kazi kapewa mwengine, na kinanda changu sijakigusa tangu siku ile. Lakini kinachoniua si kazi. Mie, ambaye hakuna anayezijua nyimbo zangu, ndiye niliyesimama mbele za watu nikamnyima mwenzangu zake. Sirudii tena: mtu akikaa mbele yangu nitamuuliza mwenyewe, na aniite mjinga akitaka.