Vibao vya Kuwaitia Watoto

Miaka ile ya wakimbizi nilikuwa nafundisha Nyamiaga, karibu na mpaka, na wakati wa likizo nilipata kazi ya ukalimani kambini, kwa kuwa Kihangaza chetu na Kirundi chao vinaelewana. Nilipangwa kufanya kazi pamoja na dada mmoja Mjapani, muuguzi, aliyesema Kiswahili polepole kama anayechambua maharage.

Siku moja alikuja na kisanduku cha mbao chenye vilango mbele, na ndani yake picha kubwa za karatasi. Kwao, alinieleza, msimulizi huchomoa picha moja moja huku akisimulia. Babu yake alizunguka mitaani na kisanduku cha namna hiyo juu ya baiskeli, akiwauzia watoto peremende.

Nilifurahi mpaka nilipoona picha ya zimwi limemwinulia bibi kizee rungu.

"Dada, hii tuiache."

"Kwa nini, mwalimu? Mwishoni bibi anashinda."

"Hawa hawatafika huko mwishoni."

Aliitoa bila kubisha. Lakini sikujua habari ya vibao. Kabla ya hadithi, babu yake alikuwa akigonga vibao viwili vya mti mgumu ili watoto wakusanyike. Dada naye akavigonga hivyo hivyo, kwa nguvu.

Watoto waliokuwa wanatujia wakajitupa chini. Wengine wakatimua mbio. Vumbi lilipotulia, mama mmoja alikuwa anazunguka akiita. Binti yake mdogo haonekani.

Tulimtafuta kati ya mahema. Malori ya maji yalikuwa yanapita barabarani, na kila lililofunga breki niligeuka kutazama magurudumu yake. Dada alinifuata akimwambia kila mtu "samahani", hata wasiojua kilichotokea, vibao bado mkononi. Nikamwambia avifiche.

"Ukimwita haitiki?" nilimuuliza yule mama.

"Hawezi kuitika, mwalimu. Njiani nilimfundisha: ukisikia mlio wa bunduki, jifiche, hata mimi nikikuita nyamaza."

Basi akaacha kuita.

Tulimkuta nyuma ya ghala la mahindi, amejibana chini ya turubai, ngumi mdomoni. Mama yake hakumvuta. Alijilaza kifudifudi, akatambaa mpaka alipo, wakakaa humo muda mrefu. Sisi tulisimama nje, hatutazamani.

Nilidhani mambo yameishia hapo. Wiki iliyofuata yule mama alikuja mwenyewe. "Na hadithi je?" akauliza. Aliwaita watoto kwa mdomo, akakaa nao, ameshika gauni la binti yake.

Nilitafsiri nikiwatazama watoto, si picha. Kila karatasi ilipochomolewa nilisubiri mtu ainuke akimbie. Hakuna aliyekimbia. Bibi alipita mlimani, akaokota kofia yake iliyopeperushwa na upepo, hadithi ikaisha.

Binti akauliza, "Alirudi nyumbani?"

Dada alinitazama, nikamtafsiria.

"Alirudi," akasema.

Nikalirudisha jibu kwa Kihangaza, nusu sauti, nikiogopa kumtazama mama yake. Alikuwa amelisikia. Aliinama, akaanza kumfunga mtoto vifungo vya gauni, vyote, hata vilivyokuwa vimeshafungwa.