Banda la Nyama Lililotolewa Mahari

Ukitaka kuniudhi, niambie kwamba banda letu la nyama choma pale Nyasura, Bunda, lilianzishwa na tajiri fulani wa Musoma. Nimeyasikia hayo kwenye basi, nimeyasikia msibani, na juzi nimeyasikia kutoka kwa mteja aliyekuwa anatafuna mbavu zetu hizo hizo. Nilimwacha amalize kula, kisha nikavuta kiti nikakaa mbele yake. Banda lile lina historia yake, na mimi mwenyewe nimezaliwa kwa sababu yake.

Baba ndiye aliyelianzisha, angali kijana, kwa nguzo za miti, mabati ya kuokoteza na wavu aliochomelewa na fundi wa baiskeli. Alikuwa ananunua ng'ombe mnadani, anachinjiwa machinjioni, kisha anachoma. Hakuwa na siri yoyote zaidi ya uvumilivu. Moto wake haukuwa mkali, na kila mara alikata kipande kidogo, akaonja, akarashia maji ya chumvi, akageuza, akaonja tena. Muda si mrefu watu wa Musoma wakawa wanafunga safari kuja kula kwake, na Bunda nzima ikaanza kuringa.

Kisha akampenda mama. Mama ni mtu wa Butiama, binti wa mzee mwenye mashamba ya pamba na ng'ombe wengi, ambaye mpaka leo anamtambua kila ng'ombe wake kwa mlio. Baba akatuma washenga. Babu aliwauliza swali moja tu, swali la kawaida kabisa kwetu: zizi la huyo kijana liko wapi? Washenga wakatazamana. Ikabidi baba mwenyewe aitwe, naye akasema ukweli kwamba ng'ombe wote aliowahi kununua wameliwa, na baadhi ya waliowala ni wadogo zake babu waliokuwa wamekaa pale pale.

Mama alikuwa amejibanza dirishani anasikiliza. Anasema alikuwa ameshadhani uchumba umekufa, aliposikia babu akisema, "Basi mimi nitachukua pale walipoishia."

Hivyo ndivyo banda lilivyotoka kwa baba likawa la babu. Watu walicheka kuanzia Bunda mpaka Butiama, maana nani alishasikia mahari ya jiko na viti vya mbao? Baba hakujali. Alioa, akarudi kwenye moto wake, akaendelea kuchoma kama kawaida, isipokuwa sasa mwenye mali alikuwa baba mkwe wake.

Hapo ndipo walipojifunga wote wawili bila kujua. Kwetu mkwe hali mbele ya wakwe zake. Hatafuni, halambi kidole, hata maji akipewa anageuka pembeni. Na babu, kwa jinsi alivyolifurahia banda lake jipya, alianza kuja kila siku ya mnada. Aliweka kiti mbele ya jiko, akapachika fimbo yake katikati ya magoti, akakaa kumtazama mkwe wake akifanya kazi.

Baba angeonja vipi? Hakuonja. Leo nyama ikawa chumvi tupu, kesho haina chumvi kabisa, keshokutwa maini yakatoka magumu yasiyotafunika. Wateja wakaanza kusukuma sahani. Mmoja akamwambia babu waziwazi, "Mzee, huyu mkwe wako zamani alikuwaga anajua kuchoma. Siku hizi amepatwa na nini?"

Babu alijua amepatwa na nini, lakini angesemaje? Kumwambia mkwe wako aonje mbele yako ni aibu kuliko kuonja kwenyewe. Angeweza kubaki nyumbani na ng'ombe wake, lakini alishapapenda mahali pale, watu walikuwa wanamsalimia kwa heshima na kumpisha mlangoni. Na baba alikuwa tayari nyama iungue kuliko kumkosea baba mkwe wake. Wote wawili walikuwa watu wa adabu, na adabu yao ilikuwa inaua biashara.

Mama ndiye aliyekata shauri. Asubuhi moja alikuja na kitenge chake kipya, cha bluu chenye ndege wa njano, akakitundika kwenye kamba kati ya jiko na kiti cha babu. Hakueleza kitu wala hakuulizwa. Huku mbele babu alipokea wateja, kule nyuma baba alionja atakavyo, na kabla jua halijazama nyama ilikuwa imerudia utamu wake.

Kitenge kile ndicho kilichotupa jina mkoa mzima. Watu waliamini nyuma yake kuna viungo vya siri. Wengine walisema ni dawa. Mama mmoja wa Iringo, kule Musoma, muuza vyombo, alileta wageni wake wapige picha na pazia kabla hata hawajaagiza nyama. Sisi wenyewe tulikuwa tunanyamaza na kupokea oda. Mpaka leo sioni sababu ya kumnyima mtu raha ya kudanganyika akiwa ameshiba.

Lakini baba alikuwa na donda. Miaka ilivyozidi kwenda, alianza kusema nyumbani, akiwa ametazama chini, "Nilikuwaga mwenye banda mimi. Natamani nizeeke nikiitwa mwenye banda." Haikuwa tamaa ya mali. Alitaka tu kile alichokijenga kwa mikono yake kiitwe chake tena kabla hajaishiwa nguvu.

Mwaka huu miguu ya babu ikaanza kumsumbua, na mfanyabiashara wa dhahabu kutoka Buhemba akatokea na gari jeupe, akala, akafuta mikono, akasema anataka kulinunua banda aweke vigae na televisheni. Babu akatuita wote Butiama. Tulikaa sebuleni, na alipoanza kuzungumza baba alikuwa ameshikilia kofia yake kwa mikono miwili.

"Mimi sitamuuzia mtu," babu akasema. "Banda namrudishia mkwe wangu."

Sijawahi kuuona uso wa baba ukichanua vile. Lakini mama alikuwa ameshasimama.

"Mahari hairudi, baba. Ikirudi, mimi nimeachika."

Alikuwa sahihi. Kwetu mahari inarudi kwa njia moja tu, ndoa inapovunjika, na hakuna jirani ambaye angesikia banda limerudi asiulize mama alifanya kosa gani. Mimi, na kisomo changu, nikajitia kusema kwamba mambo ya siku hizi ni kuandikishana tu. Mama akanigeukia. "Wakishaandikishana, wewe utakuwa mtoto wa nani?"

Baba akavaa kofia yake. "Basi auziwe huyo wa Buhemba," akasema. "Mimi mke wangu simrudishi kwao kwa sababu ya moto."

Mama akainamisha kichwa, akatabasamu kama binti aliyekuwa dirishani siku ile. Nilitaka kulia, nikajifanya naangalia simu. Babu alikuwa anachora sakafu kwa ncha ya fimbo yake.

"Nilichukua mali kwa ajili ya binti yangu," akasema hatimaye, "halafu binti yangu mwenyewe sikuwahi kumpa hata ndama. Banda ni lako, mwanangu. Sio mahari hiyo, ni zawadi ya baba yako. Mchoma nyama utatafuta mwenyewe."

"Ninaye," mama akasema, na tukacheka mpaka shangazi yetu akashikilia ubavu.

Siku ya kwanza ya mama kuwa mwenye banda, babu alikuja kula kama mgeni. Aliweka kiti chake pale pale pa siku zote, mbele ya kitenge ambacho sasa kilikuwa kimekoza moshi hata ndege wake huwaoni. Akakitazama kidogo, kisha akamwambia mama akitoe.

"Na heshima je, baba?"

"Heshima ameniheshimu ya kutosha. Na wenye kumfungua mwiko huo ni sisi wakwe. Kitoe."

Mama akafungua kamba. Baba alikuwa amesimama kule nyuma na kisu mkononi, mvi kichwani, kama mtu aliyefumaniwa. Akakata kipande cha ubavu, na kwa mazoea akageukia ukutani.

"Geuka huku," babu akasema.

Baba akageuka. Akatia nyama mdomoni, akatafuna polepole mbele ya baba mkwe wake na mbele ya wateja wote, na babu akamngoja ameze.

"Bado chumvi," baba akasema.

"Basi ongeza, mwanangu."

Baba akaongeza. Mama akakunja kitenge chake, akajifunga kiunoni, akaenda kuwapokea wateja.