Kanyere Eliane, kiongozi wa watalii aliyetwanga sombe ili kijiji kirudi

Saa nane mchana, Kanyere Eliane anatoka kwenye mianzi akiwa mbele, fimbo mkononi, na wageni watano nyuma yake kwa mstari mmoja. Chini yao ni Kyalwiki, kijiji cha mwisho kabla ya msitu wa mlima Ruwenzori. Moshi unatoka kwenye mapaa ya nyasi. Anapiga hatua chache tena, kisha anasimama na kuinua mkono.

"Mungoje," anasema. "Munasikia kitu?"

Hakuna anayesikia kitu, na hilo ndilo lililomsimamisha. Hakuna mtoto anayelia, hakuna anayeita mbuzi, hakuna shoka linalopasua kuni.

Wanashuka. Uwanjani kuna sufuria ya maharage inayochemka mpaka inamwagikia moto. Kiatu kimoja cha plastiki, cha mguu wa kushoto, kimelala katikati ya njia. Milango yote iko wazi. Kinu kina sombe, yale majani ya muhogo, yaliyotwangwa nusu, na mchi umeangukia pembeni.

Eliane anaweka mkono kifuani.

"Ni siye," anasema polepole. "Balitukimbia siye."

Eliane, mwenye umri wa miaka 41, ni mama wa watoto wanne. Anaishi Mususa, mjini Butembo, ambako wengi humwita Mama Tamar kwa jina la binti yake wa kwanza. Kazi yake ni kuongoza vikundi vidogo vya watu kwenda mlimani: kuona maporomoko ya maji, misitu ya mianzi, na vijiji ambako watu bado wanajenga, wanalima na kutengeneza pombe ya ndizi kama babu zao. Yeye ndiye anayepanga gari kutoka Butembo kupitia Beni, ndiye anayepika, ndiye anayetafsiri, na mzigo anabeba kama wengine.

Alizaliwa upande wa Mabalako, katika familia ya wakulima wa Kiprotestanti. Alikimbia huko akiwa msichana, usiku mmoja ambao hapendi kuusimulia. Kazi hii aliianza Butembo, kwanza kama mpishi.

Zamani alikuwa akipata kikundi karibu kila mwezi. Mwaka jana alipata vitatu. Wazungu hawaji tena, siku hizi wageni wake ni walimu, wanakwaya na wafanyabiashara kutoka Butembo, Goma na Kinshasa. Na bila Kyalwiki hakuna pa kulala njiani, kwa hiyo hakuna safari. Ilimchukua miaka mingi kukifanya kijiji hiki kimzoee.

"Batu bananiuliza, mulima gani tena na hii vita?" anasema. "Nabajibu, mulima haukupiganaka na mutu."

Katika kazi hiyo ana sheria moja aliyojiwekea mwenyewe. Kabla ya kufika kijiji chochote, huanza kuimba wimbo wa kanisani kutoka mbali, kwa sauti yote aliyonayo. Waasi wanaoua watu katika eneo la Beni hutoka msituni kimyakimya, kwa mstari, mizigo mgongoni. Mtu akiona mstari kama huo hangoji kuhesabu. Lakini akisikia wimbo anajua ni Mama Tamar na wageni wake, anaendelea na mambo yake.

Leo wimbo haukuimbwa, na kijijini hakuna aliyejua kwamba watashuka kwa njia hii. Juu kwenye mianzi, mgeni mmoja, Paulin, mwalimu aliyetoka Kinshasa kwa ajili ya ndege mwenye mabawa mekundu anayeishi katika milima ya eneo hili tu, aliomba watu wanyamaze kidogo. Wakanyamaza. Ndege akaja, akakaa kwenye tawi, akafungua mabawa. Wote walifurahi kama watoto, Eliane pamoja nao. Wakaendelea kushuka wakinong'onezana habari za ndege, ukungu umewazunguka, makoti ya mvua ya kijani yamewafunika hadi magotini. Furaha ile ndiyo iliyomsahaulisha.

"Mama Tamar," sauti inaita kutoka ndani ya nyumba moja. "Kuya huku."

Ni Lusenge, mzee anayebeba mizigo naye tangu mwanzo wa kazi hii. Amesimama karibu na kitanda na hagusi kitu.

Kitandani amelala mtoto mchanga wa miezi michache. Jasho dogo liko kwenye paji la uso, ngumi imekaa karibu na mdomo, midomo inanyonya hewa. Blanketi limebonyea mahali pawili. Mahali pamoja ni pake. Pa pili ni patupu.

Eliane anapaangalia pale patupu kwa muda, halafu anakaa chini.

Kila nyumba ya Kyalwiki ina kifurushi cha kukimbia. Ni unga kidogo, chumvi, kiberiti, shuka na karatasi za muhimu, vyote vimefungwa ndani ya kitenge na kuwekwa mahali ambapo mkono unafika hata gizani. Nyumba hii haina dirisha. Kifurushi kililala kitandani, mtoto akalala kitandani, vyote viwili katika vitenge.

"Alibeba kifurushi," Eliane anasema. "Kuko mama moja musituni, iko na unga ku mugongo."

Paulin, aliyekuwa mlangoni, anashika mwimo wa mlango kwa mikono miwili. Wageni wengine wanatazamana.

Kumtafuta mama huyo msituni haiwezekani. Wakisikia nyayo, watu watazidi kukimbia. Eliane anatoka uwanjani na kuanza wimbo ambao alipaswa kuuimba saa moja iliyopita. Anasalimu kwa Kinande, *wasibire*, salamu ya mchana, anataja jina lake, la baba yake, la binti yake.

Migomba imetulia.

"Habatakuya," Lusenge anamwambia. "Unakumbuka kule chini? Bauaji balishikaka mama moja, bakamulazimisha kuita batu kwa majina. Batu bakasikia ni yeye, bakatoka."

Wote wa huku wanajua mwisho wake.

Ndipo mtoto anaamka. Kwanza analalamika kidogo, kama anayeuliza. Halafu analia kwa njaa, kilio kile chembamba ambacho mwanamke yeyote aliyewahi kunyonyesha hukisikia kwenye maziwa kabla ya kukisikia masikioni. Kilio kinatoka mlangoni, kinapita uwanja, kinaingia migombani. Mahali fulani kule, mama yake anakisikia.

Paulin anashindwa kuvumilia. Anafungua kinywa aite, na neno la kwanza linalomtoka ni la Kilingala. Eliane anamziba mdomo kwa kiganja.

"Papa Paulin, Lingala hapana. Bakisikia Lingala batafikiri ni basoda benye bunduki, ao ni bengine. Uko na batoto?"

Paulin anaonyesha vidole vitatu.

"Bon, sawa. Mubebe huyu. Tembea naye polepole, hapana kuongea."

Kisha anazunguka, macho yanatua kwenye kinu. Anasimama hapo, akiangalia ule mchi uliolala chini.

"Mutu mwenye kuya kuua," anasema, "hapana kumaliza sombe ya benyewe."

Anavua koti la mvua, anajifunga kitenge vizuri kiunoni, anaokota mchi na kuanza kutwanga.

Mlio wa mchi ndani ya kinu, mchana, huku milimani, hauna maana nyingine. Ni mlio wa mtu ambaye ana nia ya kula jioni. Eliane anatwanga bila haraka. Lusenge anaelewa bila kuambiwa, anavuta kigogo, anakaa, na kwa Kinande, kwa sauti inayofika hadi ng'ambo ya kijito, anaanza uchokozi.

"Mama Tamar, unatwanga kama mutu anagonga ku mulango ya jirani."

"Na weye, bibi yako alikufukuza jikoni mwaka gani?"

"Alinifukuza sababu nilikuwa napika kumupita."

"Ulipika? Mbwa yako yenyewe ilihamia kwa bapadri."

"Ilihamia kwa bapadri kweli. Kwenu Baprotestanti ilikuwa inasali tu, haikukula."

Wageni wamesimama kama waliopigwa. Eliane anawageukia, mchi juu. "Mucheke," anasema chini chini. "Mucheke kabisa." Na wao, machozi yakiwa machoni, wanacheka. Mwanzoni ni kicheko kibaya, cha kulazimisha. Halafu mmoja anacheka kweli, kwa sababu ya yule mbwa, na wengine wanamfuata.

Mtoto amechoka kulia, sasa ana kwikwi begani kwa Paulin. Mchi unaendelea. Mara sauti inatoka migombani, ya bibi mzee, na ina hasira.

"Nani anatwanga vile? Bijiti hamukutoa!"

Mchi unasita. Lusenge anampa Eliane ishara ya mkono: endelea.

"Ni miye, Mukaka," Eliane anajibu, akimwita bibi kwa heshima ya Kinande. "Kuya basi utuonyeshe."

Halafu: "Chumvi muliweka?"

"Bado."

"Hapana kuweka. Nakuya."

Bibi Kasika anatokea akiwa na panga mkononi, amelowa hadi magotini. Lakini si yeye anayefika wa kwanza. Mwanamke kijana anampita mbio, miguu mitupu, mgongo mtupu, kitenge kimefunguka na kuburuta matopeni. Anamchukua mtoto mikononi mwa Paulin, anakaa palepale kwenye matope, anafungua kifua. Mtoto anakamata ziwa.

Jina lake ni Rébecca, ana miaka 22. Mtoto ni Précieux, wa kwanza. Baadaye, akiwa amekaa karibu na moto, anasimulia kwa sauti tulivu, kama anayeeleza mambo ya mtu mwingine.

"Nilikimbia, mukono moja iko nyuma, namupigapiga," anasema. "Nilikuwa namusifu. Namuambia, Précieux, uko mutoto ya akili, haulie. Benye kulia banatuuzisha, lakini weye hapana. Tukafika ku kijito, nikamuleta mbele nimunyonyeshe."

Anaangalia mikono yake.

"Ilikuwa unga."

Alitaka kurudi wakati uleule. Mume wake alimshika, akamziba mdomo. Halafu wakasikia kilio. "Nilisema, sasa banamushika. Nilingoja anyamaze. Unajua ni nini, kungoja mutoto yako anyamaze?"

Kilichomtoa, anasema, ni ile habari ya mbwa na mapadri. Hakuna muuaji anayeweza kutunga upuuzi kama huo.

Watu wanarudi wawiliwawili, wa mwisho ni Kataliko, mkuu wa kijiji. Anahesabu watu wake kwa macho kabla ya kumkaribia Eliane.

"Mama Tamar, mutoto ulimuchunga. *Wasingya*, asante. Lakini ni weye ulitukimbiza."

"Ni miye, Baba."

"Haukuimba."

"Sikuimba, Baba. Nilisahau."

Paulin anataka kueleza kwamba ni yeye aliyeomba kimya. Eliane anamzuia kwa mkono. Njia ni ya kiongozi, anamwambia baadaye, na kimya cha wageni pia ni cha kiongozi.

"Leo hamulale hapa," Kataliko anasema, bila ukali. "Mukilala hapa, batoto hapana kupata usingizi. Mukule, mushuke. Siku ingine ukuye kwanza peke yako. Tutaongea."

Bibi Kasika amekwisha kumwaga sombe yote kwenye ungo na kuichambua upya, akinung'unika kuhusu watu wa mjini. Sombe ikiiva, wageni wanakula wakiwa wamesimama, makoti yao ya kijani yamekunjwa na kufichwa ndani ya mifuko.

Wiki mbili baadaye, nyumbani kwake Mususa, Eliane anaanika mahema kwenye kamba, na watoto wake wanapita katikati ya mahema hayo wakicheza. Kikundi cha watu wanne kilichokuwa kimepanga kupanda mwezi ujao amekiambia kingoje. Hajui kama kitangoja. Mume wake ni fundi wa baiskeli na ada za shule zinategemea wote wawili.

"Bananiambia, badilisha kijiji," anasema. "Lakini nitabadilisha aje? Usiku nasikia ule mutoto. Nachungulia ku kitanda ya batoto bangu, nabagusa kichwa, moja moja. Tamar anacheka, anasema, Mama, siye tuko bakubwa."

Mpango wake ni kupanda Kyalwiki peke yake, bila mgeni, bila mfuko mgongoni, akiimba tangu kwenye daraja lililo chini ya kijiji. Atawaomba wanawake wa kijiji wamchague mmoja wao, awe anapanda hadi kwenye mianzi kuwapokea wageni na kutembea mbele yao, kwa malipo kama wafanyakazi wengine wa safari. Angependa awe Rébecca, akikubali. Hatamlazimisha.

Rébecca ametuma habari kupitia mtu anayeuza kahawa Beni. Précieux ameota jino. Na kile kifurushi cha kukimbia amekizungushia kamba ya katani, inayokwaruza, ili hata gizani mkono ukijue kabla ya moyo kuanza kupiga.

Eliane anabana hema la mwisho kwenye kamba, anafuta mikono.

"Niko na tumaini moja tu," anasema. "Siku moja nifike kwa Rébecca, nikute ile kamba haiko. Chumvi iko jikoni, shuka iko ku kitanda, kitenge amevaa mwenyewe. Hiyo siku nitapandisha batu kimya, kimya kabisa, baone ule ndege."